Nusu ya Mashine ya Mama Kadenge

Jumatatu, tarehe 14 Mei 1956. Mvua ya masika ilikatika alfajiri, ikaiacha Garsen na matope ya kufikia vifundo vya miguu na mawingu mazito upande wa mtoni. Mama Kadenge alikuja akiomba kimoyomoyo, kama alivyozoea kila siku kabla ya kuwasha mashine ya kusaga mahindi. Leo aliikatiza sala njiani. Mlango ulikuwa umefungwa kwa mnyororo, na mbele yake amesimama tarishi wa korti kutoka Mombasa.

Mashine hiyo ilikuwa ya ubia. Nusu ilinunuliwa kwa ng'ombe walioachwa na marehemu mumewe, nusu nyingine ilitoka kwa Bishar, Msomali mwenye duka la jirani.

"Fungua," Mama Kadenge alimwambia tarishi. "Wiki iliyopita wazee wa korti ya hapa walikata shauri. Bishar abaki na duka, mimi na mashine. Ubia umekwisha."

"Wazee wako hawakuwa na uwezo huo, mama. Bwana Bishar alishindwa kulipa madeni, akatangazwa muflisi Mombasa kabla ya Ramadhani. Tangu hapo mali yake, hata iliyo ya ubia, huamuliwa na korti iliyomfilisi. Nusu yako kaidai huko."

Mama Kadenge aligeuka. Bishar alikuwa amesimama mlangoni pa duka lake.

"Ulijua?"

"Nilijua, Mama Kadenge."

"Ukakaa mbele ya wazee na saumu yako, ukanyamaza!"

"Na kanzu mpya ya Idi kavaa," akadakia Kahaso, aliyekuwa ameketi na wanawake wenzake kando ya vikapu vya mahindi. "Muflisi anang'aa kuliko bwana harusi!"

Wanawake wakacheka. Mama Kadenge hakucheka.

"Nilidhani wazee wakishakupa mashine, watu wa Mombasa hawataigusa," Bishar alisema. "Nilitaka kukuokoa, dada."

"Jaji hataona hivyo," tarishi alisema. "Ataona mliificha mali, nyote wawili."

Hapo ndipo damu ilipomchemka Mama Kadenge. Alihisi mkono wake unakunja ngumi. Bwana, nizuie, aliomba, kisha akapaza sauti bila kungoja azuiwe.

"Umesikia? Mimi mjane, Jumapili hainipiti bila ibada, leo naitwa mwizi! Ungesema neno moja tu ningekwenda Mombasa mapema, nikadai haki yangu nikiwa msafi. Sasa nitaingia mbele ya jaji nikinuka uongo wako!"

"Nitakulipa polepole..."

"Nani kakuomba malipo? Nataka ulimi wako! Ulioufunga pale barazani kwa wazee, ufungue hapa, hawa wote wakusikie. Utamwambia nini jaji?"

"Fikiri kwanza, bwana," tarishi akamwonya. "Muflisi akificha mali hufungwa."

Bishar aliutazama mnyororo, kisha wanawake. Hakuna aliyecheka sasa. Akatoka kibarazani mwake, akaingia matopeni na kanzu yake, akaja kusimama mbele ya Mama Kadenge.

"Sauti," mama akamwambia. "Isikike mpaka kijiji cha Golbanti."

"Wallahi," Bishar akasema, kwa sauti iliyosikika mpaka maduka ya ng'ambo ya barabara, "nitakwenda Mombasa pamoja na Mama Kadenge. Nitamwambia jaji kwamba yeye hakujua lolote, aliyenyamaza ni mimi, na nusu ya mashine ni yake. Wakinifunga, nifungwe."