Bahari Iliua Mara Mbili

Delfina Bracamonte hakumsalimu mtu asubuhi ile. Aliteremka garini kwenye lango la machimbo, spana kubwa ya katapila mkononi, akaenda moja kwa moja hadi aliposimama Royce Tolliver, nyapara wa genge la magharibi, akinywa kahawa na kuwachekesha madereva. Pigo la kwanza lilimpata begani, kikombe kikaruka. La pili lilimpata usoni, na jicho lake la kushoto halikuona tena tangu siku hiyo. La tatu lingemmaliza kabisa kama wanaume hawakumrukia yule mama na kumbwaga chini kwenye vumbi jeupe.

"Muuaji we!" alipiga kelele wakiwa wamemkalia mgongoni. "Umemfukia mdogo wangu kama mzoga wa paka! Niacheni nimmalize!"

"Dada Delfina, tulia, utafungwa!"

"Nifungwe! Kwani huku nje nina nini?"

Mdogo wake wa pekee, Nazario, alikuwa amekutwa amekufa chini ya genge la magharibi, ule mwinuko unaochimbwa, baada ya ukuta wake kuporomoka. Ulikuwa ukuta wa Royce. Wiki ile ile wawili hao walitukanana baa mbele ya watu, na Royce, kwa domo lake lisilojua breki, akasema ipo siku atamzika yule kijana kwenye unga. Unga ndilo jina la mlima wetu. Ni mwani mlima mzima, vijimea vya baharini visivyoonekana kwa macho, vyenye maganda ya kioo, vilivyokufa na kurundikana enzi ambazo sehemu hii ya Kalifornia ilikuwa chini ya maji. Sisi tunauchimba, tunausaga, watu wanachujia bia.

Wanawake waliomwosha Nazario walishindwa kuufunga mdomo wake. Ulikuwa umeshindiliwa unga hadi kooni. Na ndani ya shati, kifuani kabisa, walikuta kipande cha jiwe chenye samaki: uti wa mgongo, mapezi, mdomo wazi, mkia umekatika. Sasa, kila mtu wa huku anajua samaki wanatoka wapi. Wanatoka kwenye ule mstari wa genge la magharibi ambako wamelala kwa maelfu, wamekufa pamoja. Hakuna mchimbaji anayeweza kumwacha samaki mzuri chini akaenda zake, tumelelewa hivyo, na hakuna nyumba isiyokuwa naye ukutani. Delfina alipokiona kile kipande, kwake kesi ilikwisha.

Polisi walikuja. Royce, kichwa kimezungushwa bandeji, akawaambia, "Nilijikwaa." Alijikwaa! Mtu mzima, nyapara, anajikwaa kwenye spana mara mbili! Lakini alishikilia hapo hapo, hata mkewe alipomfokea. "Mwacheni yule mama," alisema. "Ukuta ni wangu. Siku ile nilitakiwa kuukagua, sikuukagua." Delfina aliposikia maneno hayo alitema mate. Kwake lilikuwa jibu la mtu mwenye hatia.

Na majibu ya kujikwaa aliyajua vizuri. Yeye mwenyewe, kila alipokuja kwenye kazi yake ya kushona magunia na shavu limevimba, alisema amegongwa na mlango. Jamani, mlango wa nyumba ile ulikuwa na mkono mzito! Na ulikuwa na jina, Eleno Quijada, mumewe, dereva wa katapila. Sote tulijua, na sote tulinyamaza, mwenzangu usiniulize kwa nini. Nazario peke yake ndiye aliyeikataa hadithi ya mlango. Mara ya mwisho walipoonana alimgeuza dada yake uso kwenye mwanga, akautazama, akaondoka bila kumaliza kahawa.

Tangu msiba, lakini, Eleno alikuwa amebadilika. Hakuinua mkono hata mara moja. Alifagia, aliosha vyombo, na mara tu baada ya maziko alileta samaki wa jiwe, amemsafisha kwa brashi, akamsimamisha juu ya jiko. "Nimekuletea, mama," alisema, "upate cha kutazama." Delfina alilia kwa shukrani. Alidhani msiba umemlainisha.

Polisi walimwambia samaki si ushahidi, samaki wamejaa kila nyumba. Basi akakifunga kipande cha Nazario kwenye kitambaa, akakipeleka kwa Bibi Vumbi.

Bibi Vumbi jina lake hasa ni Hattie Okerlund, daktari wa mwani wa kale. Kila kiangazi huegesha nyumba yake ya magurudumu chini ya machimbo, anakwangua magenge kwa kisu, anachungulia kwenye hadubini kutwa nzima, sigara mdomoni haijawashwa, kwa sababu aliacha kuvuta ila hakuacha sigara.

"Nataka uandike," Delfina alimwambia kabla hajakaa, "kwamba jiwe hili limetoka magharibi. Uandike kisomi, kwa yale maneno yenu magumu. Nataka Royce aingie jela asitoke mpaka aoze."

"Siandiki nisichokiona, mama. Kaa kwanza. Kahawa hiyo hapo, mbaya lakini ya moto."

Akakwangua kidogo nyuma ya samaki kwa sindano, akaupaka unga kwenye kipande cha kioo, akatia tone la maji, akachungulia. Akachukua kioo kingine kwenye sanduku lake, na kingine tena, akachungulia, kisha akarudi kwenye kile cha kwanza.

"Nani kakuambia magharibi?"

"Kila mtu."

"Basi kila mtu kakosea. Njoo uone mwenyewe."

Delfina akainama. Aliona vidude vya mviringo vingi mno, vimetobolewa tobo tobo kama chujio la chai.

"Huo ndio mwani wa jiwe lako," Bibi Vumbi alisema. Akabadilisha kioo. "Na huu ndio wa magharibi."

Huu ulikuwa miiba. Miiba mirefu, imeshikana mnyororo kwa mnyororo, hadi Delfina akaondoa jicho kama aliyechomwa.

"Unaiona hiyo? Bahari ya magharibi ilijaa hiyo miiba mpaka ikawa nzito kama uji. Samaki akivuta maji, miiba inamchoma matamvua, pale anapopumulia, damu inatoka, kamasi inajaa, anasongwa. Kundi zima, wakubwa kwa watoto. Ilikuwa machinjio, mama."

"Na huyu wangu?"

"Huyu kafa baadaye sana, maelfu kwa maelfu ya miaka, bahari imeshakuwa nyingine, ya baridi. Mwani wa mviringo ulizaana kupita kiasi, ukafa, ukaoza, ukala hewa yote ya majini. Tazama mdomo wake ulivyo wazi. Alikuwa anatafuta hewa. Bahari iliua mara mbili hapa, na nyinyi mnaona maiti wote ni wa siku moja."

"Sasa katoka wapi?"

"Mashariki, kwenye genge jipya. Mimi mwenyewe niliomba kwenda kule, dereva wao akaniambia nikisogea atanikanyaga kama panya. Unga wa mashariki niliolinganisha na jiwe lako niliukwangua kwenye magurudumu ya mashine yake ilipopita hapa. Sina adabu, najua."

Delfina hakuuliza dereva yupi. Genge la mashariki lilifunguliwa wiki aliyokufa Nazario, na lilikuwa na katapila moja tu. Eleno alijisifu mezani kwamba kule yuko peke yake, hakuna nyapara wa kumpigia kelele.

"Mama, unaumwa?"

"Ukimkuta aliyekufa mdomo wazi," Delfina alisema, "na mdomo wenyewe umejaa unga mpaka kooni, maana yake nini?"

Bibi Vumbi aliitoa sigara mdomoni. "Samaki, au mtu?"

Delfina alianza kulifunga jiwe kwenye kitambaa.

"Maana yake alikuwa bado anavuta pumzi," Bibi Vumbi alisema polepole. "Pole sana, mama."

Delfina alifika nyumbani mchana wa jua kali. Alimshusha samaki wa juu ya jiko. Jiwe letu likipasuliwa hutoa samaki mara mbili, upande mmoja mifupa, upande wa pili chapa yake. Akaviweka vipande uso kwa uso. Vikakaa. Ukingo kwa ukingo, uti kwa uti, mpaka pale mkia ulipokatika. Akavitenganisha, akavirudisha, vikakaa tena vile vile, na hapo alipiga yowe ambalo jirani alilisikia akadhani ni Eleno tena.

Mshenzi yule! Kaua mtu, kamfukia, na bado kashindwa kumwacha samaki mzuri chini. Ndivyo Delfina alivyofikiri. Hakujua kwamba ukweli wenyewe ulikuwa mbaya zaidi.

Eleno alirudi kutoka zamu, akatupa kofia. "Mbona jiko baridi? Leo tunakula upepo?" Kisha akaona meza.

"Hicho kingine umekitoa wapi?"

"Kifuani kwa Nazario. Hukumpekua?"

"Mawe yanafanana, Delfina. Usinianze."

"Haya hayafanani. Hili ni jiwe moja."

Eleno alikaa. Alijifuta uso, vumbi likambakia kwenye mikunjo. Alipoanza kusema, sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeonewa, hebu fikiria!

"Alinifuata mwenyewe. Nimemkuta kwenye genge langu anapasua mawe, ananingoja. Akapasua hilo mbele ya macho yangu, akanipa nusu. 'Shemeji, hii kaiweke juu ya jiko lako,' anasema. 'Kila ukitaka kumpiga dada yangu uitazame, ujue nusu yake ninayo mimi, na ninakuja.' Kijana mdogo vile, ananitisha mimi! Kazini kwangu! Nikampiga beleshi. Mara moja tu, Delfina, haki ya Mungu. Nikamchota na unga kwa katapila, nikammwaga kwenye genge la Royce, ukuta ulikuwa umeshaanguka. Ila maneno yake yalinitisha, nikaiweka nusu ile pale alipotaka."

Kwa hiyo ule upole wote, kule kufagia, vile vyombo, haukuwa wa Eleno. Ulikuwa wa Nazario. Marehemu alikuwa amemlinda dada yake kutoka juu ya jiko, na dada yake alikuwa amemshukuru muuaji.

"Ulipommwagia unga, alikuwa anapumua?"

Eleno aliinama kufungua kamba za viatu.

"Eleno. Nakuuliza. Mdogo wangu alikuwa anapumua?"

"Alikuwa anakoroma," alisema.

Kisha akaruka. Alivinyakua vipande vyote viwili, akavipiga sakafuni, samaki akapasuka vigae vigae, na kabla Delfina hajainuka mikono yake ilikuwa tayari shingoni. Alimkaba mpaka kwenye jiko, vidole gumba vikizama, akimwambia sogoa za mawe zimekwisha, nani atamwamini mwendawazimu aliyemtoboa Royce jicho. Delfina alisikia masikio yakivuma. Mdomo wake ulifunguka wenyewe, hewa haikuja. Alipapasa nyuma, akashika kikaango cha chuma, kile cha chapati za mahindi, akakizungusha.

Meno ya Eleno yalitoka na damu. Mikono ikaachia. La pili likampata sikioni, akaanguka kwa magoti, kisha kifudifudi juu ya vigae vya samaki, akihema, akitambaa kuelekea mlangoni. Delfina alisimama juu yake, kikaango kimeinuliwa kwa mikono miwili. Safari hii hawakuwepo wanaume wa kumzuia. Alikitazama kisogo kile kwa muda. Halafu akalishusha pigo la tatu kwenye mkono wa kulia, ule wa mlango, na mfupa ukalia.

Jirani ndiye aliyeita polisi. Alikuja yule yule wa siku ya spana, kijana mwenye haya, akamkuta Delfina amekaa kwenye kiti, kikaango mapajani, na Eleno ukutani analia kama mtoto.

"Mama," polisi alisema, "shingo yako imefanyaje?"

Mdomo wa Delfina ulikimbilia palipozoeleka. "Ni mla..." ulianza, na hapo akauzuia. Aliviangalia vile vigae sakafuni. Kimoja kilikuwa na kichwa cha samaki, mdomo bado wazi.

"Ni mume wangu," alisema, sauti imekwaruza. "Haikuwa mlango. Haijawahi kuwa mlango, miaka yote. Na Nazario ni yeye aliyemuua, unga wake anao Bibi Vumbi kwenye kioo, kamwulize."

Polisi alikuwa anaandika. Delfina akamngoja amalize.

"Na Royce Tolliver hakujikwaa," alisema. "Nilimpiga mimi, na hakuwa na kosa. Hilo pia uliandike."