Sakafu ya Ushirika

Chuo cha ualimu pale Bariadi hakikuwa na uwanja wa kikapu. Vijana walichezea kwenye sakafu ya saruji mbele ya ghala la Ushirika, mahali pamba inapopangwa kusubiri mizani. Fundi aliyeimwaga sakafu ile aliiinamisha kidogo upande wa mashariki ili mvua isituame, na mwinamo huo ndio uliokuwa mchezaji wao wa sita. Mgeni akidunda mpira unamkimbia, anabaki kuutazama kama mtu aliyeibiwa. Msimu ule wa 1995 timu ya chuo ilifungwa ugenini mara tatu, tena vibaya, lakini nyumbani haikumwacha mtu salama. Ikabaki mechi moja na chuo cha Mwanza, na mshindi ndiye atakayekwenda mashindano ya kanda.

Nahodha alikuwa Mayala, mwaka wake wa mwisho. Mechi ile aliitaka kuliko cheti chenyewe, nalo hilo hakulificha.

Tatizo ni kwamba Ushirika wenyewe ulikuwa hoi. Wanunuzi binafsi walikuwa wamesharuhusiwa, na ghala, mizani na sakafu vilikuwa vimekodishwa kwa Sharifu, mfanyabiashara wa mjini. Sharifu hakuwa mtu mbaya. Aliwaachia vijana wamalize msimu wao, ila kwa sharti moja, akalisema mbele ya timu nzima.

"Siku pamba ikiharibika kwa ajili ya mpira wenu, nafunga geti siku hiyohiyo. Msije kunililia."

Siku moja kabla ya mechi, alasiri, baba yake Mayala aliingia getini na mkokoteni wa ng'ombe. Mzee Bujiku alikuwa ametembea siku tatu kutoka Lingeka. Angeweza kuuza kulekule, kwa maana wanunuzi walikuwa wakipita mpaka vijijini, lakini alitaka amwone mwanawe akicheza, hata mara moja tu.

"Mwadila, baba," Mayala alimsalimia kwa Kisukuma, akapiga goti.

"Mwadila, ng'wana wane, mwanangu. Huo ndio mpira wenyewe?"

Miaka kumi na minane mzee huyu alikuwa mpimaji wa pamba wa chama cha msingi cha ushirika kijijini. Aliwahi kuirudisha pamba ya kaka yake wa tumbo moja kwa sababu ilitiwa maji ili izidi uzito, na kaka mtu akamnunia miaka minne. Sasa chama kilikuwa kimefungwa, mizani imechukuliwa, na kilichobaki kwake ni jina. Mayala alimsaidia kushusha magunia tisa, wakayapanga mwisho wa foleni, kwenye pembe ya mashariki, ili mzee awe karibu na ng'ombe wake. Kisha mzee akakaa juu ya gunia kutazama mazoezi, akicheka peke yake kila mpira ulipoteleza.

Kulipokucha timu ilifika kusafisha. Kawaida yao ilikuwa kuchovya matawi ya mwarobaini kwenye pipa na kunyunyiza, vumbi na nyuzi za pamba zilale, viatu visiteleze. Asubuhi ile vumbi lilikuwa limezidi.

"Kapteni, tumwage tu," alisema Novatus, mpiga pasi wao. "Tutanyunyiza mpaka saa ngapi?"

Mayala akalisukuma pipa kwa mguu wake mwenyewe. Maji yakakimbia, vijana wakafagia, sakafu ikang'aa. Kichwa chake kilikuwa kwenye mechi. Hakuyatazama yalikoishia, mtu aliyeujua mwinamo ule kuliko kiganja chake!

Saa nne, jua lilipokuwa limeikausha sakafu yote, foleni ilimfikia Mzee Bujiku. Mtoro, mpimaji wa Sharifu, alizamisha mkono mpaka chini ya gunia, akautoa, akauinua watu wauone.

"Mzee, umetia maji."

"Mimi?"

"Yote tisa haya, mzee wangu. Mvua imenyesha wapi mwezi wa saba?"

Watu wakaanza kucheka, na waliomjua ndio waliocheka zaidi. "Mpimaji kapimwa!" mmoja alipaza sauti. Mtoro akachukua kaa lililozimika, akachora msalaba kwenye kila gunia, alama ya kwamba lisipokelewe kituo chochote. Sharifu alitikisa kichwa mlangoni mwa ghala, amesikitika kweli.

Mayala alikuwa hatua kumi tu kutoka pale, mpira kwapani. Alielewa mara moja: yalikuwa maji ya pipa lake. Neno moja tu lilitosha. Lakini alijua likitoka, geti linafungwa, na Mwanza walikuwa wameshashuka kwenye gari, wananyoosha miguu. Akajiambia atasema baada ya mechi. Saa chache zina ubaya gani? Nani hajawahi kujidanganya hivyo?

Mzee hakubishana. Aliyainamia magunia, akagusa tope lililokauka kwenye vitako vyake, akaitazama sakafu kutoka magharibi mpaka mashariki. Kisha akamtazama mwanawe, kwa muda mrefu. Mayala akainama kufunga kamba ya kiatu iliyokuwa imefungwa.

Mechi ilianza saa tisa. Mzee aliitazama akiwa nje ya uzio, juu ya mkokoteni wenye magunia ya misalaba. Mayala alicheza kama mwenye kichaa. Zikiwa zimebaki sekunde chache, timu zikiwa sare, nahodha wa Mwanza alidunda, mpira ukamtoroka kufuata mwinamo, na Mayala alikuwa ameshafika kuusubiri. Pointi mbili. Alipobebwa juujuu aliangalia uzioni, na mkokoteni haukuwepo.

Aliomba ashushwe, akamwendea Sharifu, akasema yote. Sharifu alitoa kufuli mfukoni.

"Wale wa asubuhi wameshatawanyika, kijana. Kila mmoja na kijiji chake. Mimi nitamwambia nani?"

Akaenda kufunga geti.

Mayala alimfikia baba yake nje ya mji, akihema, jezi imemganda mwilini.

"Baba, yale maji ni mimi."

"Najua," alisema mzee bila kuwasimamisha ng'ombe. "Maji ya wizi mtu huyatia juu, yashuke. Haya yalipanda kutoka chini. Nilijua nilipoligusa lile tope."

"Mbona hukusema?"

"Ningekufungia mechi yako. Nikasema moyoni, ni mtoto wangu, atasema mwenyewe." Alimgusa ng'ombe wa kulia kwa fimbo, polepole. "Nikangoja mpaka mapumziko."

Mayala alitembea kando ya gurudumu, analia waziwazi, mtu mzima wa kwenda kufundisha watoto wa watu. Misalaba ya makaa ilikuwa mbele ya macho yake. Walipofika mtoni mzee aligeuka.

"Mlishinda?"

"Tulishinda, baba."

"Haya," alisema Mzee Bujiku, akawaswaga ng'ombe wavuke.