Sauti Iliyobaki Kazini

Jumatatu saa tatu asubuhi Mama Joka alikuwa akianguka kutoka jabalini kwa mara ya saba. Alianguka akiwa ameketi kwenye stuli, bila viatu ili visilie sakafuni, mbele ya kipaza sauti kilichovalishwa soksi. Chumba cha kurekodia kilikuwa ghorofa ya tatu, juu ya duka la magodoro, na kuta zake zilibandikwa vipande vya godoro kutoka duka hilohilo. Kwenye skrini joka la kijani liliporomoka kwa sekunde kumi na mbili, naye alitakiwa kupiga ukelele wa sekunde kumi na mbili, si kumi na moja.

"Tena, mama," fundi wa sauti alisema kutoka upande wa pili wa kioo. "Hiyo ilikuwa kama mtu aliyekanyaga msumari. Hili ni joka, lina heshima zake."

Akapiga tena. Moshi kidogo ukamtoka puani, fundi akawasha feni, kazi ikaendelea. Moshi huo ulikuwa umeanza msimu wa sita. Daktari wa zahanati alimmulika koo kwa tochi, akasema hayo ni mambo ya kazi, akamwambia anywe maji mengi na asikae karibu na mapazia.

Filamu za joka zilikuwa zimefika msimu wa tisa. Kila msimu ulikuwa na habari ileile: kijana shujaa anapoteza upanga, anapanda mgongoni mwa joka, wanavuka mawingu, upanga unapatikana. Watoto hawakuchoka. Joka lilikuwa kwenye mabegi ya shule, kwenye mashuka, kwenye miswaki na kwenye pakiti za biskuti. Ukiona vyaelea, vimeundwa: lile joka liliruka vizuri kule juu kwa sababu huku chini mwanamke wa miaka hamsini na mbili alikuwa akihema mbele ya soksi. Kwenye mabango waliandika jina la aliyetoa sauti ya Shujaa, baba wa watoto wanne mwenye mafua yasiyokwisha. Joka liliingia kwenye "na wengineo."

Mama Joka hakuwa na mtoto. Jina alipewa na kazi, likamganda. Nyumbani aliishi na mama yake mzazi, ambaye macho yalizima miaka minne iliyopita na magoti yakafuata. Mama huyo alimjua binti yake kwa sauti tu. Kila jioni binti alifungua mlango akasema, "Usiogope, nipo," na mama akajibu, "Umechelewa leo," hata siku aliyowahi.

Maneno hayo yalikuwa ya mama mwenyewe. Ndiyo aliyomwambia binti yake zamani, radi zikipiga. Katika msimu wa pili mtafsiri wa filamu hizo aliandika, "Ondoa hofu, ewe kijana, kwa maana mimi ni karibu nawe," na mdomo wa joka ukafungwa maneno yakiwa bado nusu. Mama Joka akasema, "Usiogope, nipo." Yakaenea sawasawa mdomoni. Fundi akayapenda, yakabaki humo.

Jumatatu hiyo, saa kumi jioni, alivaa viatu, akachukua mkoba, akatoka chumbani, akafungua mdomo kumuaga fundi. Hakikutoka kitu.

"Haya mwanangu, tuonane kesho," sauti yake ilisema kutoka ndani, kwenye stuli, ambako hapakuwa na mtu. Mshale wa mtambo ulicheza.

"Imebaki," fundi alisema.

Mama Joka akarudi, akaketi, akainuka polepole kama anayemwacha mtoto aliyepitiwa na usingizi, akatoka. Ikabaki. Alijaribu mara tatu. Fundi alimwambia asijali, huenda imechoka, kesho itakuwa imepata akili. Pale mlangoni mlinzi alimpekua mkoba kama kawaida, akaona hajachukua kitu cha kampuni, akamruhusu.

Nyumbani alifungua mlango, akasimama.

"Nani?" mama aliuliza.

Akamsogelea, akamshika mkono. Mama akauvuta, akainyanyua fimbo yake ya kutembelea na kumpiga nayo begani. "Nani wewe? Mwanangu anarudi sasa hivi, atakukuta!"

Jirani wa mlango wa pili, mshona nguo, alikuja na sindano mdomoni kusuluhisha. "Ni mwanao huyu, mama. Sauti imemkauka."

"Mtu akikaukwa na sauti anakohoa. Huyu hakohoi. Huyu kaja kuiba."

Mama hakula chakula cha jioni, wala chai ya asubuhi. Alikaa kitandani, fimbo magotini, akimsubiri binti yake, na binti yake alikaa kwenye kiti mkabala naye, akimtazama. Iliuma kuliko bega.

Jumanne alipofika kazini alikuta sauti imeshafanya kazi ya asubuhi yote. Ilikuwa imeanguka jabalini, sekunde kumi na mbili kamili, bila kurudia. Haikunywa chai. Haikwenda msalani. Mwigizaji wa Shujaa alipiga chafya, akaigeukia stuli tupu na kusema, "Samahani, dada," nayo ikamwambia afya njema.

Meneja alimwita ofisini. Hakuwa mtu mbaya. Alimvutia kiti mwenyewe. Akatoa mkataba wa miaka tisa iliyopita, wenye sahihi yake, na kumwonyesha mstari kwa ncha ya kalamu: *Sauti yote itakayorekodiwa ni mali ya kampuni.*

Siku ya kutia sahihi Mama Joka alielewa kuwa ni sauti ile ya kwenye mitambo. Nani asingeelewa hivyo?

"Hata mimi nilielewa hivyo," meneja alisema. "Lakini angalia, imeandikwa sauti. Tungekuwa na maneno mawili, lingekuwa jambo jingine. Lugha yetu hapo imetupa neno moja."

Mama Joka akachukua karatasi, akaandika: *Naomba jioni tu. Saa kumi na mbili hadi saa tatu. Asubuhi nitairudisha. Mama yangu haoni, hanijui bila hiyo, na tangu jana hajala.*

Meneja alisoma mara mbili, akavua miwani, akafuta macho. Yeye pia alikuwa na mama.

"Dada yangu, ikitoka nje itapigwa na vumbi, na tuko katikati ya msimu. Halafu, kusema kweli, hakuna tena haja ya kukusumbua kuja huku kila siku. Nenda kapumzike. Umetufanyia kazi kubwa sana."

Kwa miaka mitatu alikuwa akiomba likizo ya wiki mbili. Sasa alipewa yote kwa mkupuo.

Meneja aliona haya kumwacha aondoke mikono mitupu. Akashusha kutoka rafuni mwanasesere wa joka, toleo jipya, wa kijani, mwenye mabawa ya kitambaa. Ukimbonyeza tumbo alisema kauli nne, moja baada ya nyingine, kisha akaanza upya. Chini ya unyayo wake palikuwa na maandishi madogo: *Sauti ni mali ya kampuni.*

Akiwa anatoka alipita kwenye kioo cha chumba cha kurekodia. Moshi mwembamba ulikuwa ukipanda juu ya stuli. Akagonga kioo kwa kucha.

Sauti ikanyamaza. "Nani?" ikauliza.

Fundi alimtazama Mama Joka, akatazama mitambo yake, akabonyeza kitufe. "Hakuna mtu, mama," aliiambia stuli. "Tuendelee."

Alipofika nyumbani jua lilikuwa bado lipo. Mama alikuwa palepale, midomo imemkauka, fimbo magotini. Mama Joka akasimama mlangoni, akambonyeza mwanasesere tumbo.

"Usiogope, nipo."

"Umechelewa leo," mama alisema, akaiweka fimbo chini. "Mwanangu, jana tumeingiliwa. Kaja mtu hapa hasemi, nimemtia fimbo. Na jirani anamtetea!"

Mama Joka akamtia mwanasesere mfukoni, akapakua chakula, akaketi kando yake, akapeleka kijiko mdomoni mwake kwa mkono mmoja na kubonyeza mfuko kwa mwingine.

"Shika pembe zangu vizuri."

Mama akacheka chakula kikiwa kinywani. "Hiyo kazi itakutia wazimu." Akala kijiko cha pili, cha tatu, cha nne. "Na wewe umekula?"

"Moto wangu si wa kuchezea."

"Najua ukali wako, nimekuzaa. Nimeuliza umekula?"

Mama Joka hakubonyeza. Alimlisha hadi sahani ikaisha, akamfuta midomo, na moyo ukamtulia kidogo. Mama akauelekeza uso pasipo na mtu.

"Mwanangu," aliuliza, "umechoka?"

Mama Joka alitikisa kichwa kukubali, na hakuna aliyemwona. Hapo akabonyeza, kwa kuwa hakuwa na jingine.

"Panda mgongoni, twende."

"Mimi? Na magoti haya?" mama alisema, lakini mikono alikuwa ameshainyoosha.

Akachuchumaa, akambeba mama yake. Jioni nyingi alimbeba hivyo kutoka kitandani hadi kiti cha dirishani, penye hewa. Alikuwa mwepesi, na kila mwezi alizidi kuwa mwepesi. Walipofika katikati ya chumba mama akamwambia sikioni:

"Sauti yako siku hizi inatoka mfukoni."

Mama Joka akasimama.

"Basi jana ulikuwa wewe."

Kichwa kikainama na kuinuka, na mama, aliyekuwa amekumbatia shingo yake, akakisikia kwa mikono.

"Nilikuumiza?"

Kichwa kikainama tena.

"Pole, mwanangu. Watakurudishia lini hiyo nyingine?"

Kichwa kikaenda kushoto, kikaenda kulia. Mama hakuuliza zaidi. Alikuwa amezeeka na mambo mengi yaliyochukuliwa na hayakurudishwa, yakiwemo macho.

Akamketisha dirishani. Kwa jirani televisheni ilikuwa imewashwa; joka lilikuwa likivuka mawingu, likimwita "mwanangu" kijana asiyelihusu, kwa sauti nzima, nzuri, isiyo na chembe ya uchovu. Mama akatega sikio kwa muda mrefu.

"Hiyo ya kwao," alisema. "Bonyeza yetu."

Mama Joka akabonyeza. Kauli nne zilikuwa zimekwisha, zikaanza upya.

"Usiogope, nipo."

"Umechelewa leo," mama alisema.