Ukingo wa Kifuniko cha Mama

Rakeli alikiona kwenye simu, saa ya mapumziko, ndani ya ghala la Louisville alikokuwa akifunga maboksi. Wifi yake Uwineza, mke wa kaka yake Ezéchias, alikuwa ametuma picha ya keki ya bethidei ya mtoto wao huko Buffalo. Nyuma ya keki, jamani, juu ya kabati, kile pale: kifuniko cha nyasi cha marehemu mama yake, kirefu chenye ncha, cha kufunikia chungu cha maziwa. Miaka kumi na moja aliamini kiliungua pamoja na kibanda cha mama kule kambini. Akamwendea msimamizi, akaomba ruhusa ya siku nne kwa ajili ya msiba. Wala hakudanganya sana.

Usidhani ni pambo. Mwanamke wa ukoo wa akina Rakeli mwenye neno la kuacha hulisuka ndani ya nyasi, mzunguko kwa mzunguko, kuanzia nchani kushuka hadi ukingoni. Binti wa ukoo akipitisha kidole, hata baada ya miaka mia, anaisikia sauti ya msukaji, na kikohozi chake. Wanaume hawasikii kitu, wala wake walioolewa hapo; hao hata hawaambiwi siri hiyo, ingawa wakisuka, sauti yao nayo husikika. Na neno likiwa si lako, unaondoa kidole, ndiyo adabu yenyewe.

Rakeli alitaka neno moja tu: Mizero yuko wapi. Siku ya kukimbia vita kule milimani alikuwa na kichanga mgongoni na Mizero, binti yake wa miaka miwili, mkononi. Huyo Mizero akamkabidhi kwa mama yake; watu wakasukumana, risasi zikalia, wakapoteana. Mama akafika kambini peke yake, akafa kabla Rakeli hajamfikia. Alipohojiwa kwa ajili ya karatasi za kuja Amerika, Rakeli alisema mtoto amekufa. Kusema "sijui" kulimshinda. Uongo huo akampa kila mtu, hata kaka yake, na haukuwahi kumpa usingizi.

Njiani alishuka Columbus, kwa mama mdogo Spés, aliyemuuguza mama kule kambini.

"Alisuka mpaka siku ya kufa," alisema Spés. "Namwambia, dada, pumzika, bon! Anasema, hii ni ya Rakeli, ni habari ya mtoto wake, musiisikilize. Donc sikuisikiliza. Na leo hata ningetaka..." Akanyoosha vidole vilivyokufa ganzi kwa miaka ya kukata kuku wa barafu kiwandani.

"Habari ya Mizero, mama mdogo? Una hakika?"

"Mpaka kwenye ukingo, mwanangu. Alimaliza ukingo, akalala, hakuamka."

Rakeli alilia mpaka akacheka. Kisha akafanya kosa, na ni kosa la mtu mwenye adabu zake. Kwao huwezi kumwangukia wifi yako mlangoni bila taarifa. Akapiga simu.

"Wifi, nafika Jumamosi. Nakuja kuwasalimia tu."

Kuwasalimia tu! Lakini angetaja kifuniko, angeulizwa anakitakia nini, na uongo wa mtoto ungetoka hapo hapo. Akaagana na wifi yake, akakata simu.

Jumamosi mchana Uwineza alimpokea kwa vigelegele kwenye nyumba yao ya mbao pale Black Rock, mtaa wa Buffalo. Sombe ya majani ya muhogo ilikuwa tayari, chai ya maziwa ilikuwa tayari, Ezéchias amevaa suti ya kanisani. Walipokwisha kula, Uwineza aliingia chumbani, akarudi na kitu kimefunikwa kitambaa, amekishika kwa mikono miwili.

"Wifi, uone vile nimekuheshimu! Hii kifuniko ya mama, ile Ezéchias aliokota kambini, ilikuwa imekatikakatika kwenye ukingo. Mgeni kama wewe, nikuwekee kitu imechakaa mbele yako? Haya gani hiyo! Nimefumua mzunguko wa mwisho yote, nikasuka mupya na nailoni."

Akavuta kitambaa. Ukingo mzima uling'aa, nyekundu na kijani, umeandikwa: KARIBU RAKELI.

"Na zile nyasi za zamani?" Rakeli aliuliza. 

"Nilitupa, wifi. Gari ya takataka ilipita jana."

 Hata hivyo Rakeli aliweka kidole nchani, akashuka nacho taratibu. Mama akakohoa. Ni yeye, yeye mwenyewe, kana kwamba yuko jikoni.

"Rakeli mwanangu, usilie. Mizero ni mzima. Alishikwa na homa, miguu yangu ikavimba, sikuweza kumbeba tena. Nimemwacha kwa mwanamke mwema, atamtunza. Mtafute huyo mama, anaitwa..."

Kidole kikashukia kwenye nailoni.

"Karibu Rakeli," ilisema sauti changamfu ya Uwineza. "Karibu Rakeli. Karibu Rakeli."

Akakirudisha juu. Anaitwa... Karibu Rakeli. Akakirudisha tena, na tena, machozi yanamdondokea juu ya nyasi.

"Unamlilia mama," alisema Ezéchias kwa upole.

"Ndiyo, kaka."

Uwineza alikuwa ameketi ukingoni mwa kiti, macho yanangojea. Siku mbili nzima alikuwa amesuka, vidole vyake vilikuwa na mikwaruzo.

"Wifi, umependa?"

"Nimependa sana," alisema Rakeli. "Mungu akubariki."

Uwineza akapiga vigelegele tena, akamwongezea chai.