Jibini ya Bure

Msimu ule wa mwaka 1938 hakuna chuo cha Weusi kilichowaweza vijana wa chuo cha Harlan Grove katika mpira wa Kimarekani, ule wa kubebwa mikononi. Walianza kushinda Septemba, jua la Alabama likiwa bado linachoma, wakaendelea mpaka majani yakapukutika, na sasa ilibaki mechi moja tu, kule Mississippi. Wakishinda hiyo, wangekuwa mabingwa wa vyuo vyote vya Weusi vya Kusini. Magazeti ya Wazungu yasingeandika hata mstari mmoja, lakini makanisani kwao na kwa vinyozi wao wangetajwa mpaka wazeeke.

Tegemeo la timu lilikuwa watu wawili. Cleotha Mims aliukumbatia mpira na kukimbia nao kama mtu aliyeuiba, na akizibiwa njia aliurusha mbali; huko mbali Ellis Broadnax alikuwa ameshafika, mikono juu, anaudaka. Walilala chumba kimoja, wakakaa kiti kimoja ndani ya basi.

Ellis alikuwa na kazi nyingine pia. Alikuwa Mweusi kama wenzake, lakini ngozi yake ilikuwa nyeupe, nywele laini, macho ya kijivu. Asiyemjua alimdhania Mzungu. Kwa hiyo chakula walichofungiwa na wapishi wa chuo kikiisha njiani, basi liliegeshwa mbali, Ellis akatumwa dukani, aingie kwa mlango wa mbele, ule wa Wazungu.

"Nenda, Bwana Mkubwa," wenzake walimtania. "Ukishakaa ukaagiza kahawa, usitusahau sisi watumishi wako."

"Nikirudi nataka wote mmesimama," Ellis alijibu, nao wakacheka, Cleotha kuliko wote.

Ijumaa ile, siku moja kabla ya mechi, basi liliwaharibikia porini. Lilipotengemaa walikuwa wamekula kila paja la kuku na kila kipande cha mkate. Kocha Pettway alisema vijana hawawezi kucheza na matumbo matupu. Ellis akaenda.

Mwenye duka alikuwa mtu mchangamfu. Ellis alimwambia anawanunulia chakula vibarua wa kambi ya mbao, naye akaanza kukata nyama bila haraka.

"Kesho Weusi wanacheza mjini," alisema. "Sikosi. Wana yule mmoja, Mims. Umemsikia?"

"Nimemsikia."

"Unajua mbio zile kajifunzia wapi? Kwa mbwa wa sherifu."

Ellis akacheka. Kaka yake Cleotha, Amos, alikimbizwa kweli na mbwa wa polisi kama hao mpaka mtoni, na hakutoka mtoni akiwa hai. Cleotha alikuwa amemsimulia Ellis peke yake, chumbani, akiwa amegeukia ukuta. Ellis alilikumbuka hilo huku anacheka. Lakini mikate ilikuwa bado upande wa pili wa meza, na yule mtu alikuwa anamtazama usoni, akingoja.

"Basi mbwa hao wangepewa mshahara wa ukocha," Ellis akasema.

Mwenye duka alicheka mpaka akashika meza. Alifunga chakula, kisha akakata kipande kikubwa cha jibini. "Hii ya bure, ndugu yangu. Umenifurahisha."

Ellis alipotoka alimkuta Cleotha ubavuni mwa duka, chini ya dirisha lililokuwa wazi. Alikuwa amekuja kumsaidia mzigo. Aliuchukua mfuko mmoja, wakarudi kwenye basi. Vijana walikula, wakaisifu jibini. Cleotha hakula kitu. Alihamia kiti cha nyuma.

Kesho yake walicheza vibaya. Dakika za mwisho walikuwa nyuma kwa pointi tatu, lakini mpira ulikuwa wao, karibu na mstari wa mwisho, na kuuvusha mara moja kungetosha. Ellis alimkwepa mlinzi wake, akavuka mstari na kusimama peke yake, mikono juu. Cleotha aliinua kichwa. Walitazamana. Kisha Cleotha akauficha mpira kifuani, akaingia katikati ya miili, wakamwangusha hatua moja kabla ya mstari. Filimbi ya mwisho ikalia.

"Hukumwona Broadnax?" Kocha aliuliza kwa sauti ya chini, iliyochoka.

"Nilimwona, Kocha. Niliona Mzungu kasimama pale. Nikajua si wa kwetu."

Mmoja wa wenzao alianza kucheka, akidhani ni utani ule ule wa kila siku. Akautazama uso wa Ellis, akanyamaza.

Ellis alimfuata Cleotha nyuma ya uwanja, kwenye bomba walilopewa la kunawia. Upande wa pili wenyeji walikuwa wanapiga ngoma.

"Ningenuna mwenye duka angenishtukia, Cle. Tungelala njaa."

"Ungecheka tu. Kucheka ningekusamehe." Cleotha alikuwa anasugua damu kwenye viwiko. "Ile ya kuongezea, uliiongeza kwa ajili ya nani?"

Ellis alikumbuka jinsi ilivyokuwa tamu, kwa kitambo kile kifupi, kuitwa ndugu.

"Na hawa wenzetu?" alisema. "Wao walikukosea nini? Umewanyima wote ubingwa."

"Najua," Cleotha alisema. Alijifuta uso kwa mkono, akamwachia Ellis bomba linalotiririka, akaenda kukaa na wenzao waliokuwa wanalia.