Buti za Pua Nyekundu

Tangu Pua Nyekundu ashuke kutoka barafu kuu, nilikuwa nimeshamaliza jozi tatu za buti za ngozi ya sili. Huyo ndiye mkuu wa wageni waliokuja kupima unene wa barafu yetu. Jina lake la kwao lilitushinda kutamka. Ilibaki jozi yake mwenyewe, kisha wangerudi huko juu. Nikawa natafuna soli ilainike, taya zinaniuma, na kila nikimwona namuuliza habari za kaka yangu aliyekwenda kumwendeshea mbwa wa kuvuta mizigo barafuni.

"Mzima. Analinda kambi," alikuwa akijibu. "Wewe shona tu, mama."

Ndipo akaja binamu yangu Ussaq, aliyekuwa na kaka yangu huko juu. Nikamwekea nyama ya nyangumi. Akamega kidogo, akaacha. Ussaq huyu, ambaye hata mifupa huwaonea mbwa choyo!

"Vipi, binamu? Wageni wamekuzoesha biskuti?"

"Nimeshiba tu, dada."

Nikamtaja kaka yangu kwa jina, nikauliza kama buti zake zimetoboka.

"Za yule... ziko sawa."

"Yule nani?"

"Si huyo unayemuulizia."

"Mtaje basi."

Akaikodolea macho taa ya mafuta.

"Ussaq! Mtaje kaka yangu kwa jina lake!"

Hakuweza. Kwetu jina la marehemu halitamkwi mpaka mtoto mchanga apewe jina hilo. Uongo mwingine wote aliuweza, ila jina lile ulimi ulilikataa. Sindano ikaniponyoka.

Maana nyumba iliyofiwa haishiki sindano. Ukishona kabla siku za msiba hazijaisha, unamchoma marehemu wako. Nami nilikuwa nimemchoma ndugu yangu wa tumbo moja, tundu baada ya tundu, jozi tatu nzima, huku nikiimba!

"Alitumbukia kwenye mpasuko wa barafu," Ussaq akasema, analia. "Tulimtoa amekwisha. Pua Nyekundu akasema mkijua mtaacha kushona na safari itaharibika. Akaniahidi bunduki."

"Mlimfunika mawe, mbweha wasimfikie?"

"Theluji tu. Alituharakisha."

"Mawe yalikuwa mbali?"

"Hapana, dada. Yalikuwa pale pale."

Sikumpiga. Najuta mpaka leo kwamba sikumpiga. Nilichukua kisu changu cha kukatia ngozi na zile buti zote, nikaenda kwenye kibanda cha Pua Nyekundu.

"Zimekwisha?" akauliza, anatabasamu, mshenzi yule.

Nikazikata mishono mbele yake, moja baada ya nyingine, vipande vikamwangukia miguuni.

"Mama, una wazimu? Hizo ni imani tu! Kwetu watu wanangoja vipimo hivi!"

"Na kaka yangu anangoja nini? Mbweha?"

Akazunguka nyumba kwa nyumba, kiganja kimejaa sindano mpya za chuma. Hakuna mwanamke aliyepokea hata moja. Mke wa Ussaq alimmwagia maji machafu. Mwishowe akarudi mlangoni kwangu, mpole kama mbwa aliyechapwa, akauliza nataka nini.

"Nenda ukamfunike mawe. Wewe mwenyewe, kwa mikono yako."

"Nitakwenda. Lakini nipe buti, mama. Kule miguu itakufa kwa baridi."

Nikamwonyesha viatu alivyovaa, vile vigumu vya kwao, vyenye misumari.

"Si hivyo hapo? Tembea."