Blanketi la Pioni

Katika mtaa mzima wa Mzee Emil Kubicek, kwenye mji wao mdogo wa Nebraska, hakukuwa na pioni iliyotunzwa kama yake, wala iliyomwaibisha mwenyewe kama yake. Kila mwisho wa Mei, siku ya kupeleka maua makaburini, majirani walikata maua ya pioni zao kwa ndoo: meupe, ya rangi ya waridi, mekundu, kila ua kubwa kama kichwa cha mtoto. Emil alikuwa na majani tu. Majani mazuri, usiseme, yanang'aa utadhani yamepakwa mafuta. Lakini nani hupeleka majani kaburini?

Pioni yenyewe ilikuwa ya marehemu mkewe, Libuse, aliyeirithi kwa mama yake. Baada ya mazishi Emil aliuza shamba akahamia mjini na kitanda, vyombo vichache, na mizizi ile ndani ya karai, kaifunika koti lake. Tangu hapo kaburi la Libuse likawa linapata maua ya dukani. Emil aliyaweka harakaharaka na kuondoka, kama mtu aliyempa mgeni mboga ya jana. Alichotaka ni kimoja tu: ampelekee Libuse ua lake mwenyewe, walau moja, kabla na yeye hajaanza kupelekewa.

Septemba, majira ya kuhamisha pioni, Vlasta, mdogo wake Libuse, alikuja na sahani ya kolachi, vimkate vya jamu ya plamu, mkono mmoja na jembe uma mkono wa pili. Akasimama bustanini, akatazama.

"Shemeji, hili ni ua au umezika mbwa?"

Kweli palikuwa kama kichuguu. Udongo, mboji, majani makavu, na juu yake gunia.

"Cheka tu. Baridi ya huku huijui?"

"Nimezaliwa nayo. Wewe ndiye unayeiogopa kama mdai."

Akapiga magoti, akatupa gunia kando, akaanza kufukua kwa mkono. Kiganja kikazama, kisha kifundo, kisha mkono karibu hadi kiwiko.

"Nikifika kwenye maji nitakuambia," akasema. Halafu akagusa mzizi, akageuka. "Shemeji. Umelala na dada yangu kitanda kimoja miaka yote ile, hukusikia kwamba macho ya pioni, hivi vichipukizi vya mizizini, hukaa chini vidole viwili tu? Ukiizamisha inakupa majani mpaka kiama."

"Nilisikia."

"Basi nani kaizamisha hivi? Sungura?"

Emil akaangalia viatu vyake. "Nilipoipanda udongo ulishaanza kuganda. Dada yako nilikuwa nimetoka kumweka kwenye baridi ileile. Nikashindwa kuiweka na hii."

Vlasta akapangusa pua kwa mgongo wa mkono, tope likambaki juu ya mdomo kama masharubu.

"Sasa umefanana na baba yenu," Emil akasema.

"Nyamaza, shika upande huo."

Wakaing'oa pamoja, mizizi minene mfano wa mihogo, ikiwa na vichipukizi vyekundu kichwani. Wakairudisha juujuu, wakaushindilia udongo taratibu. Emil akanyoosha mkono kwenye gunia.

"Liache," Vlasta akasema. "Isipopigwa na baridi haichanui. Dada alikuwa haifuniki."

Theluji ilipoanguka, Emil alifika mlangoni na gunia mkononi zaidi ya mara moja. Siku moja simu ikalia.

"Shemeji, gunia liko wapi?"

"Stoo."

"Mwongo."

Akalirudisha stoo.

Mei ikaleta tumba. Moja tu, gumu kama gololi, limejaa sisimizi. Siku ya makaburi ilipofika lilikuwa bado limefumbwa kama ngumi.

"Tulikate, lifungukie kwenye maji," Vlasta akasema.

"Hapana. Tusilifanyie haraka."

Emil akapeleka ya dukani tena. Ila safari hii aliinama kwenye jiwe na kusema kwa sauti ndogo, "Lako linakuja."

Likafunguka wiki iliyofuata, jekundu lililokoza kama divai. Akalikata, akalitia kwenye chupa ya jamu, akampitia Vlasta. Makaburini hapakuwa na mtu. Maua ya wengine yalishanyauka na kugeuka kahawia.

"Wenzetu wameshamaliza zamani," Vlasta akasema.

"Ndivyo dada yako alivyokuwa akiingia kanisani," Emil akasema. "Padri yuko katikati ya mahubiri, yeye ndiyo kwanza anatafuta pa kukaa. Na ile kofia yake nyekundu."

Vlasta alicheka mpaka akalishika jiwe asianguke. Emil akaiweka chupa chini. Sisimizi mmoja aliyesafiri nao akashuka kwenye ua, akaanza kutembea juu ya herufi za jina la Libuse, moja baada ya nyingine, na Emil akakaa kwenye nyasi kumngoja afike mwisho.